Mishkaki laini: papai bichi lina saa yake, na ukwaju usiwe maji

Nachoma mishkaki hapa Ngamiani, Tanga, kila jioni, na swali ninaloulizwa kuliko yote ni moja, "mjomba hii nyama unailainishaje?" Wengi wanadhani kuna dawa. Hakuna dawa, ni papai bichi tu, ila papai lina saa yake na hapo ndo watu wanapoharibu.

Ule utomvu mweupe unaotoka ukilichana papai bichi una papaini, kimeng'enya kinachokatakata protini za nyama. Likishaiva inabaki kidogo sana kwa hiyo papai la kula usihangaike nalo. Sasa shida iko hapa, papaini haiishii kwenye bakuli, inapenda joto, kwenye nyuzi 60 mpaka 70 hivi ndo inachapa kazi kwelikweli, yaani nyama ikishaanza kupata moto bado inaendelea kuliwa mpaka joto lipande zaidi ndo inakufa. Niliwahi kupata oda ya harusi nikalaza kilo nane na papai usiku kucha. Asubuhi ukiitazama iko poa kabisa, kuiweka jikoni, dakika tatu nyingi, vipande vinadondoka kwenye mkaa kimoja kimoja na kilichobaki kwenye kijiti ukikibonyeza kinapondeka kama ini. Niliumia sana, nikarudi buchani kununua nyama nyingine kwa hela yangu. Tangu siku hiyo kilo moja naweka kijiko kimoja cha chakula, papai limekwaruzwa na ganda lake, dakika 45, ikizidi sana saa moja, basi.

Nyama, kama hela ipo chukua sarara, mimi natumia mnofu wa paja na watu wanarudi. Angalia nyuzi zinaelekea wapi halafu kata kwa kuzikatisha, usizifuate, maana ukizifuata hata papai halikusaidii. Thomu, tangawizi mbichi, pilipili manga na bizari nyembamba vinaweza kulala na nyama frijini. Papai, ndimu na chumvi vinaingia lisaa la mwisho. Kila vipande viwili vya mnofu nachomeka kimoja cha mafuta, kikiyeyuka kinailainisha nyama ya jirani.

Vijiti vya mianzi loweka nusu saa visiungue. Mkaa usubiri uvae jivu jeupe, ukiwahi unapata moshi na nyama nyeusi nje mbichi ndani. Msimu wa kusi upepo unapiga upande mmoja wa jiko, mkaa wa upande huo unakuwa mkali kuliko mwingine, kwa hiyo mimi naweka kipande cha bati kukinga na nazungusha mishkaki kutoka upande mmoja kwenda mwingine.

Haya, ukwaju, yaani lile rojo la kuchovya mishkaki. Hapa nina neno, maana siku hizi unapewa maji ya kahawia yenye pilipili, halafu unaambiwa ni ukwaju! Robo kilo ya ukwaju, vikombe viwili vya maji ya moto, acha dakika 20, vuruga kwa mkono mpaka kokwa zibaki tupu, chuja. Kaanga kitunguu maji na thomu taratibu mpaka vibadilike rangi, tia nyanya mbili zilizosagwa, zipike mpaka mafuta yaelee juu, hapo ndo umwage ukwaju, chumvi, pilipili mbuzi moja nzima usiipasue, na sukari guru kipande kama kidole gumba. Moto mdogo, robo saa. Chovya kijiko, pitisha kidole mgongoni mwake, ule mstari ukibaki bila kujifunga rojo lako tayari. Unga wa ngano wa kufanya rojo liwe zito mimi sitii, unaua ule uchachu.

Yale maji yaliyobaki kwenye bakuli la nyama mbichi usiyamwage kwenye rojo hivihivi, ukiyataka yaingie mapema yachemke pamoja na nyanya. Na rojo wekea pembeni kwenye kibakuli, na muhogo wa kuchoma, mtu achovye mwenyewe.