Mteuzi wa waigizaji ni nani, na kwa nini mara nyingi naye ni mwigizaji?

Mteuzi wa waigizaji, au "mtu wa kasting" kama wengi wanavyomwita kazini, ndiye anayetafuta nani acheze nafasi gani katika filamu, tamthilia au tangazo. Anasoma muswada mapema, anakaa na mwongozaji kuzungumzia kila mhusika, kisha anasaka: anapigia mawakala simu, anapekua video, anaita watu kwenye usaili. Uamuzi wa mwisho ni wa mwongozaji na mtayarishaji, ila wao huchagua kati ya wale aliowaleta yeye.

Mwigizaji anayefanya pia kasting mara nyingi huanzia kwenye kiti cha msomaji. Katika chumba cha usaili kuna kamera, taa, alama ya utepe sakafuni, na pembeni kidogo mwa lenzi amekaa mtu anayesoma maneno ya mhusika wa pili. Msailiwa, aliyepewa kurasa mbili tatu tu za muswada, anataja jina lake na onyesho linaanza. Msomaji akisoma kwa sauti kavu, mwenzake hana cha kujibu. Akizidisha mbwembwe, anamfunika. Na yule wa mwisho jioni anastahili kusomewa kwa moyo uleule aliosomewa wa kwanza asubuhi. Kazi hiyo inamtaka mwigizaji hasa.

Akiwa kwenye kiti hicho ndipo anapoona jinsi watu wanavyokosa nafasi hali wamecheza vizuri kabisa. Baba wa kwenye tamthilia ameshapatikana, na binti huyu hafanani naye hata kidogo. Anaona pia kwa nini mteuzi husema, "Rudia, ila safari hii unajua kwamba anakudanganya." Hapo hakuna aliyekosea, anapimwa kama anasikia maelekezo na kubadilika papo hapo. Mwigizaji aliyeyaona hayo huingia kwenye usaili wake mwenyewe ametulia.

Heshima ya kazi hii imechelewa mno. Marion Dougherty wa New York alianza kuteua waigizaji wa michezo ya televisheni iliyorushwa moja kwa moja, akawa anasaka sura mpya kwenye kumbi za maonyesho, lakini akademia inayotoa Oscar iliwapa wateuzi tawi lao mwaka 2013 tu, na tuzo yao ilianza na filamu za mwaka 2025. Hata hivyo kazi yao huonekana wazi kwenye skrini. Kwa ajili ya filamu ya Queen of Katwe ya mwaka 2016, mteuzi Dinaz Stafford alimpata Madina Nalwanga kwenye darasa la kucheza ngoma jijini Kampala, binti ambaye hakuwa mwigizaji wa filamu, naye akabeba nafasi kuu.

Mwenye kofia zote mbili ana mipaka. Nafasi anayoitaka mwenyewe hawasaili wengine; anamwachia mwenzake. Na malipo yake yanatoka kwa mtayarishaji. Huko California sheria inakataza kumtoza mtu ada ya usaili. Iwe Dar es Salaam au Nairobi, anayekudai "hela ya fomu", au anayemwita binti peke yake hotelini usiku, usiende kwake, na waambie wenzako wasiende.