Kwa nini heroini humuua aliyekuwa ameshaacha

Mimi ni mfamasia katika kliniki ya methadoni, dawa inayotolewa kuwatibu waraibu wa heroini, jijini Dar es Salaam, na kipo kifo kimoja ambacho hadi leo hukitaja ninapowafundisha wahudumu wapya. Kijana alikaa miezi minne katika nyumba ya upataji nafuu, akanenepa, akarudi kwao, na katika wiki ya pili akakutwa asubuhi amefariki kitandani, bomba la sindano likiwa limeangukia chini ya mkeka. Mama yake alikuwa akirudia neno moja tu, kwamba mwanawe alikuwa ameshaacha. Mama hakukosea. Kijana alikuwa ameacha kweli, na miezi ile ya kuacha ndiyo iliyoufanya mwili wake ushindwe kuhimili kete ambayo zamani aliitumia mara tatu kwa siku bila kutetereka.

Heroini haiui kwa kuunguza kiungo chochote. Huua kwa kuituliza mno ile sehemu ya ubongo inayotukumbusha kuvuta pumzi hata tukiwa usingizini. Anayeitumia kila siku hujenga ustahimilivu, yaani ubongo huizoea dawa na kudai kiasi kikubwa zaidi ili upate athari ileile. Akikaa wiki chache bila kutumia, ustahimilivu huo huporomoka, ilhali hamu haiporomoki nao, na mkono nao hukumbuka kipimo cha zamani. Wanaotoka gerezani wamo katika hatari hiyohiyo, hasa majuma mawili ya mwanzo. Kwa sababu hiyo sikubaliani na wanaoamini kwamba kumfungia mraibu ndani mpaka arosto, yaani mateso ya mwili uliokosa dawa uliyoizoea, iishe ni tiba iliyokamilika. Arosto ya heroini huisha ndani ya wiki moja au zaidi kidogo, na kwa nadra humuua mtu mzima. Hatari kubwa huja baadaye, siku atakaporudi maskani kwa wenzake wanaotumia akiwa na afya njema.

Vifo vya namna hii havionekani kwa urahisi katika hesabu zetu. Mtu akifia nyumbani, taarifa hupelekwa serikali ya mtaa, familia yenye kuona haya husema ilikuwa homa au presha, na maziko hufanyika kabla ya jua kuzama. Bila polisi kufungua jalada, hakuna sampuli itakayofika kwenye maabara ya Mkemia Mkuu wa Serikali. Matokeo yake, kinachotangazwa katika taarifa ya habari ni kilo zilizokamatwa, maana kilo zina mizani.

Marehemu wengi wa aina hii walikuwa na mtu karibu, na mtu huyo alisikia mkoromo. Mkoromo mzito wa aliyetoka kujidunga, wenye vituo virefu katikati, si usingizi mnono. Mboni za macho huwa ndogo kama ncha ya kalamu, na ndani ya midomo na kwenye kucha rangi hugeuka kuwa ya kijivu. Wenzake humwagia maji au kumnywesha maziwa, na maziwa hayo huishia kwenye mapafu. Inayotakiwa ni pumzi: apuliziwe mdomoni, akianza kupumua alazwe kwa ubavu, na akimbizwe hospitali, ambako dawa iitwayo naloksoni huiondoa heroini katika vipokezi vya ubongo, yaani pale inaponasa na kufanya kazi, ndani ya dakika chache. Hata hivyo naloksoni huisha nguvu mapema, pengine ndani ya saa moja, kwa hiyo aliyezinduka asiachwe aende zake.

Tiba ya methadoni ilianza Muhimbili Februari 2011, ikafuatiwa na Mwananyamala na Temeke, kisha Kidongo Chekundu kule Zanzibar. Watu hudhani tunabadilisha uraibu mmoja kwa mwingine, na mashemeji zangu ni miongoni mwao. Methadoni hukaa mwilini zaidi ya siku nzima, haimpandishi mtu wala kumshusha, na hudumisha ule ustahimilivu ambao ukipotea humwacha mtu bila kinga. Kila asubuhi mteja hufika dirishani, hunywa dawa ya maji mbele yangu, hunywa maji juu yake, kisha hunitajia jina lake kwa sauti ili nijue hakuibakiza mdomoni. Tunaanza na miligramu 20 au 30, tunapanda taratibu, na wengi hutulia kati ya 60 na 120. Kuharakisha hapo mwanzoni ni hatari, kwa kuwa dozi ya leo huikuta ya jana ingali mwilini.

Kazi hasa huja mteja anapougua kifua kikuu, jambo la kawaida miongoni mwao. Rifampisini, mojawapo ya dawa za kifua kikuu, huchochea ini kuivunja methadoni upesi, na ndani ya wiki moja au mbili mtu aliyekuwa ametulia huja akipiga miayo, makamasi yakimtoka, akisingiziwa kwamba amerudia unga. Tunapandisha dozi, wakati mwingine karibu mara mbili. Miezi sita baadaye vidonge vya kifua kikuu vikikoma, ini hurudia mwendo wake wa awali na dozi ileile iliyopandishwa huanza kulimbikizana. Tarehe hiyo ya mwisho huiandika kwa kalamu nyekundu juu ya kadi ya mteja siku ileile anapoanza rifampisini, na tarehe hiyo ikifika tunateremsha dozi kidogo kidogo, huku nikimuuliza kila asubuhi kama amelala vizuri kupita kiasi.