Ofisi haifungwi jela: amri ya mahakama inapokaidiwa na taasisi ya umma

Wanaokuja kwetu hapa Kisumu, kutoka Kondele, Ahero hadi Maseno, mara nyingi huja na karatasi iliyokunjwa mara nne na swali lile lile: "Mahakama ilisema tulipwe. Mbona hawa hawafungwi?"

Kwanza tuifungue hiyo karatasi. Kama amri inazuia jambo, tuseme taasisi isibomoe kibanda chako, ikikaidiwa unarudi mahakamani moja kwa moja kulalamikia kudharauliwa kwa mahakama. Kama ni amri ya pesa, njia ni ndefu zaidi. Kifungu cha 21 cha Sheria ya Mashauri dhidi ya Serikali hakimruhusu dalali wa mahakama kuingia ofisi ya serikali akabeba meza na magari, na kinga hiyo inazifunika kaunti pia. Unachukua cheti cha amri kwa msajili wa mahakama, unakifikisha kwa wakili wa serikali husika, na wasipolipa unaiomba Mahakama Kuu imwamuru afisa mhasibu, yaani anayewajibika kwa fedha za ofisi hiyo, alipe. Akikaidi amri hiyo ya pili, sasa umemshika. Wengi huiruka hatua hii ya katikati, ombi likatupwa, na miezi ikapotea bure.

Nasema afisa mhasibu kwa sababu ofisi haina mwili wa kulala rumande. Kila mtu hutaka gavana ndiye aitwe kizimbani (utamu wake naujua), lakini kwenye kaunti anayeshika hundi za idara kwa kawaida ni afisa mkuu wake. Mtaje huyo, kwa cheo na kwa jina.

Utatakiwa kuonyesha kwamba amri ilikuwa wazi, aliijua, aliivunja, na alifanya hivyo makusudi. Tangu kesi ya Mutitika dhidi ya Baharini Farm ya 1985, ushahidi unaotakiwa ni mzito kuliko wa kesi ya madai ya kawaida, ingawa haufikii ule wa jinai. Kuhusu kuijua amri, mahakama siku hizi hukubali hata kama hakukabidhiwa mkononi, mradi alikuwa na habari. Wakili wake akiwa mahakamani amri ikisomwa, hiyo nayo ni habari. Hata hivyo, nakala yenye muhuri wa kupokelewa inamaliza ubishi haraka.

Ombi lako lisiegemee Sheria ya Kudharau Mahakama ya 2016, maana Mahakama Kuu iliibatilisha Novemba 2018. Adhabu nazo hutofautiana. Kuvunja zuio katika kesi ya madai kunaweza kumpeleka mtu gerezani hadi miezi 6, na katika Mahakama ya Mazingira na Ardhi faini hufika shilingi milioni 20 au kifungo cha miaka 2, au vyote viwili.

Wakikwambia "tumekata rufaa", usirudi nyumbani. Rufaa peke yake haisimamishi amri. Waulize amri ya kusimamisha utekelezaji iko wapi, na imetiwa sahihi lini.