Vitambulisho vya kipekee katika programu: yanayodhaniwa na yaliyo kweli

Dhana ninayokutana nayo zaidi kwa watengeneza programu wenzangu hapa Dodoma ni kwamba namba ya simu inatosha kumtambulisha mtu. Nami niliiamini, hadi nilipomtengenezea mnunuzi mmoja wa mahindi pale Kibaigwa programu ya kurekodi magunia. Mama mmoja na mwanawe walikuwa wakitumia simu moja, kwa hiyo magunia 12 ya kijana yakaingia katika hesabu ya mama yake, na siku ya malipo ilibidi turudi kwenye daftari la mpima mzani ili kuyatenganisha. Ukweli ni kwamba namba ya simu ni njia ya kumpata mtu tu: watu huitumia kwa pamoja, huibadilisha, na laini iliyotelekezwa huweza kupewa mtu mwingine. Namba ya NIDA nayo, yaani ya kitambulisho cha taifa, yenye tarakimu 20, huanza na tarehe ya kuzaliwa, kwa hiyo ukiichapa kwenye risiti umeshatangaza umri wa mkulima ambaye alikuja kuuza mahindi.

Wengine hukimbilia namba za mfululizo, 1, 2, 3, wakidhani hazigongani kamwe. Ndivyo ilivyo kwenye hifadhidata moja, lakini simu mbili zinazorekodi bila mtandao, moja Kibaigwa na nyingine Mpwapwa, zote zitatoa namba 41.

Hapo ndipo inapofaa UUID, yaani kitambulisho kirefu ambacho kila kifaa huweza kujitengenezea bila mtandao, ingawa wapo wanaohofu kwamba itajirudia. Ina biti 128 (tarakimu za 0 au 1), na katika toleo la 4 biti 122 kati ya hizo ni za kubahatisha. Ungelazimika kuzalisha bilioni moja kila sekunde kwa takriban miaka 85 ndipo uwezekano wa kujirudia hata mara moja ufikie nusu kwa nusu, mradi kizalishi chenyewe kiwe kizuri.

Upekee, hata hivyo, si siri. Anayejua UUID ya rekodi hapaswi kuifungua kwa sababu hiyo pekee; ruhusa yake ikaguliwe.

Si kweli pia kwamba UUID zote ni vurugu tupu. Toleo la 7, lililowekwa katika RFC 9562, waraka wa viwango vya intaneti wa mwaka 2024, huanza na biti 48 za wakati kwa milisekunde, hivyo rekodi hujipanga kwa mfuatano na faharasa ya hifadhidata haihangaiki. Anayeiona huweza kusoma saa rekodi ilipoundwa: kwa mzani wa mahindi sioni ubaya, kwa faili la mgonjwa ningesita.