Wati sio mwanga jamani

Nafunga taa Arusha hii, Njiro mpaka Ngaramtoni, na kila nyumba lazima nikutane na lile swali, "fundi, wati 9 itamulika nini sebule yote hii?" Kwani wati ndo mwanga? Wati ni umeme ambao taa inakula, basi. Globu ya zamani ya wati 60 inakula umeme afu kama asilimia 90 inautoa joto, ndo maana ukiishika inakuunguza, mwanga unaobaki ni lumeni (hicho ndo kipimo cha mwanga wenyewe) 700 mpaka 800 hivi, na LED nzuri ya wati 9 inakupa hizo hizo 800. Sasa mtu haelewi, anaenda dukani anang'ang'ania LED ya wati kubwa kubwa "iwe kama ile ya mwanzo", anaifunga chumbani watoto hawalali, LUKU ikiisha anasema LED ni utapeli. Pigeni hesabu basi, globu ya 60 ikiwaka masaa matano kila siku inakula yuniti 9 kwa mwezi, LED ya 9 haifiki hata yuniti moja na nusu, na hapo sijagusa ile taa ya nje inayokesha. Dukani geuza boksi usome lumeni. Wameandika "sawa na wati 100" kwa maandishi makubwa afu lumeni hakuna? Rudisha, mie hiyo sifungi hata kama umepewa bure.

Wanaosema nyeupe ina nguvu kuliko ya njano, hiyo ni rangi tu, inapimwa kwa kelvini, 6500 nyeupe, 2700 ya njano, lumeni zikilingana mwanga ni ule ule. Chumbani weka njano upumzike.

Na LED inaungua, tena vizuri tu, ukiifungia kwenye kava lisilopitisha hewa joto linaua saketi ya ndani. Sio kila mara fundi kakuibia.

Enaji seva za zile mirija zina zebaki kidogo, ikipasuka toa watoto, fungua madirisha, zoa vipande kwa kadi ngumu sio mikono mitupu.

Ila wenye vifaranga nisikilizeni, maana kibaridi cha Juni mnakijua. Bandani msiweke LED, pale mnachotafuta ni joto lenyewe, acheni globu yenu ya zamani iwake.