"Rufaa yangu ina hoja nzito, hawawezi kuitupa"

Juzi tena. Mzee mmoja kaingia ofisini na bahasha ya kaki: hati za shamba, picha za mipaka, mihtasari ya kijiji. Rufaa yake Mahakama Kuu ilifutwa kwa sababu siku ya usikilizwaji hakutokea. "Wakili, soma mwenyewe, mwanangu. Haki iko wazi." Nimesoma. Shamba huenda ni lake kweli, ila kwa sasa hilo halimsaidii.

Hakuna dhana inayonichosha kama hii, kwamba jaji akiona hoja nzito ataishikilia rufaa hata mrufani, yaani aliyekata rufaa, akiwa nyumbani. Amri ya XXXIX, kanuni ya 17 ya Sheria ya Mwenendo wa Madai ya Tanzania (Sura ya 33) haiulizi uzito wa hoja. Rufaa imeitwa kusikilizwa, mrufani hayupo, mahakama inaweza kuifuta. Hoja zako zinabaki jaladani bila kuguswa, na aliyekushinda yuko huru kukaza hukumu yake, yaani kuomba itekelezwe.

Ukija kuomba irejeshwe chini ya kanuni ya 19, unaulizwa nini kilikuzuia siku ile. Watu huniletea rasimu za viapo za kurasa kumi juu ya shamba, halafu mstari mmoja: "niliumwa". Uliumwa nini? Ulitibiwa wapi? Cheti kiko wapi? Ukisema karani ndiye aliyekupa tarehe isiyo sahihi, utahitaji kiapo cha karani mwenyewe, na jaribu kumpata huyo! Mimi hufuta kila aya inayotaja mipaka. Kurasa mbili zinatosha.

"Kosa ni la wakili, si langu." Mara nyingi mahakama zetu zimesema uzembe wa wakili si sababu ya kutosha. Hata kama umeniweka mimi, njoo ukae benchi la nyuma. Nikichelewa, simama useme upo.

"Ilikuwa siku ya kutajwa tu." Hapa kuna nusu ya ukweli: siku ya kutajwa, ambayo rufaa huitwa ili kupangiwa hatua inayofuata tu, si ya kufuta rufaa, na amri ya namna hiyo inaweza kupingwa. Lakini tarehe ya kusikilizwa hupangwa siku hiyohiyo, wewe hupo, na hiyo ndiyo utakayoikosa.

Mjibu rufani, yaani yule unayemkatia rufaa, asipofika, je, umeshinda? Hapana. Utasikilizwa upande mmoja, na bado lazima uonyeshe hukumu ya chini ilikosea wapi.

Muda nao: Sheria ya Ukomo inakupa siku 30 za kuomba rufaa irejeshwe. Zikipita, unaomba kwanza kuongezewa muda, na unatoa maelezo ya kila siku uliyochelewa.

Ya mzee ilifutwa miezi minne iliyopita. Nimemrudishia bahasha yake, nikamwambia aje Jumatatu na kadi ya hospitali.