Zé, Chico na Ronaldinho: majina ya utani ya Kireno yanavyoeleweka vibaya

Dhana: -inho maana yake ni "mdogo", kwa hiyo ni jina la mtoto.
Udogo upo, lakini kwenye majina ya watu kazi kubwa ya kiambishi hiki ni kubembeleza. Babu wa miaka 80 huitwa Zezinho na hakuna anayeshangaa. Hata huo udogo mara nyingi ni wa kulinganisha tu. Kwenye Olimpiki ya 1996, Ronaldo Nazário, mshambuliaji wa Brazil, alivaa jezi iliyoandikwa Ronaldinho kwa sababu kikosini kulikuwa na Ronaldo mwingine, beki aliyemzidi umri. Ronaldinho tuliyemzoea alipoingia timu ya taifa mwaka 1999 alikuta jina lina mwenyewe, Wabrazili wakamwongezea Gaúcho, yaani mtu wa Rio Grande do Sul, jimbo la kusini mwa Brazil.

Dhana: Chukua jina lolote, bandika -inho.
Wageni wengi huteleza hapa. Jina likiishia kwa -o au -a isiyo na mkazo, irabu hiyo hudondoka kwanza: Pedro huwa Pedrinho, Ana huwa Aninha. Likiishia kwa irabu yenye mkazo au sauti ya puani, z huingia katikati: André huwa Andrezinho (alama juu ya e hufutwa), João huwa Joãozinho (wimbi juu ya a hubaki). S ya mwisho haitupwi: Carlos, Carlinhos, Lucas, Luquinhas. Tahajia nayo ina hila zake. Marcos huwa Marquinhos, kwa kuwa c ikifuatwa na i husomwa "si".

Dhana: Kufupisha ni kubakiza mwanzo wa jina.
Rafael huwa Rafa, sawa. Lakini mara nyingi kinachobaki ni sehemu yenye mkazo, nayo huwa mwishoni: José huwa Zé, Isabel Bel, Gabriel Biel, Sebastião Tião. Francisco ni Chico. Eduardo hurudufiwa kuwa Dudu. Na Zé si ya wanaume peke yao: Maria José, mwanamke, huitwa Zezé.

Dhana: Yote ni ya mapenzi.
Garrincha, mwanasoka wa Brazil aliyezaliwa Manuel Francisco dos Santos, aliitwa Mané kwa mapenzi. Andika mané kwa herufi ndogo, Mbrazili atasoma "zuzu". Kiambishi -ão hukuza, lakini usimwite rafiki yako Ricardo kwa jina Ricardão ukidhani unamkuza: kwa Wabrazili, ricardão ni hawara wa mke wa mtu.

Dhana: Hayaingii kwenye hati.
Lula ni mkato wa Luiz. Rais huyo wa Brazil aliliongeza rasmi kwenye jina lake mwaka 1982.

Dhana: Apelido ni jina la utani.
Brazil, ndiyo. Ureno na Msumbiji apelido ni jina la ukoo, na la utani huitwa alcunha. Ukivuka Ruvuma ukapewa fomu yenye nafasi ya apelido, andika jina la ukoo.